Sauti ya Nani? Kiswahili katika Sinema, kutoka Vugiri hadi Mwanza

Historia ya sinema aghalabu huandikwa kwa kuhesabu mitambo, sheria na majina ya watengenezaji. Ni nadra kuulizwa swali ambalo kwa mwanafunzi wa lugha ndilo la kwanza: katika picha hii, ni nani asemaye, na kwa lugha gani? Swali hili si dogo. Picha humwonyesha mtu kwa nje. Usemi wake ndio umpao nafasi ya kujieleza. Mtu aonekanaye bila kusikika hugeuka kuwa mfano tu katika hoja ya mwingine. Jambo hili limeiandama sinema ya Afrika Mashariki tangu mwanzo wake, na pahali lilipodhihirika zaidi ni Mwanza, katika mabishano yaliyofuata filamu moja ya mwaka 2004. Ili mabishano hayo yaeleweke, yafaa kwanza kurudi nyuma.

Jaribio kubwa la kwanza la kuwatengenezea Waafrika wa nchi hizi filamu lilifanyika Vugiri, katika milima ya Usambara, kati ya mwaka 1935 na 1937. Liliitwa Bantu Educational Kinema Experiment, likagharimiwa hasa na Shirika la Carnegie la Marekani, na kusimamiwa na L. A. Notcutt na G. C. Latham. Filamu 35 zilitengenezwa, zikachukuliwa kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Rhodesia ya Kaskazini na Nyasaland. Mada zake zilikuwa mada za serikali: kuweka fedha katika benki ya posta, kulipa kodi, kuzuia safura, kuhifadhi udongo. Waigizaji walikuwa Waafrika, lakini kamera haikunasa sauti zao. Maneno yalitiwa baadaye katika sahani za santuri, zikapigwa sambamba na picha, na penye watu wa lugha nyingine sahani ikabadilishwa.

Kwa upande wa gharama mpango huo ulikuwa wa busara. Kwa upande wa lugha ulikuwa na maana nzito. Uso ule ule wa mkulima wa Usambara uliweza kusemeshwa Kiswahili leo na lugha nyingine kesho. Lakini yeye mwenyewe hakusema lolote. Kiswahili kiliingia katika sinema kama sauti itokayo nje ya picha, na kazi yake ilikuwa kuelekeza na kuonya.

Mabadiliko yalianza katika miaka ya mwanzo ya 1950, pale kampuni ya Afrika ya Kusini, African Film Productions, ilipotengeneza Tanganyika filamu za hadithi za Kiswahili, kama vile *Chalo Amerudi* na *Muhogo Mchungu*. Mwigizaji wake mashuhuri alikuwa Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye mwaka 1962 alikuja kuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Mada yake kuu ilikuwa shamba na mji, yaani mtu wa kijijini na vishawishi vinavyomngoja mjini. Fundisho lilikuwa bado la mkoloni, lakini sasa palikuwa na mhusika mwenye jina, mwenye kukosea na kuchekesha. Hata majina ya filamu yalitoka katika usemi wa watu: muhogo mchungu hutambulikana kwa kuonjwa, si kwa kutazamwa, na kila msikilizaji wa Kiswahili huielewa ishara hiyo bila kufafanuliwa.

Hapa kuna faida ya kulinganisha na taifa la mbali lililokuwa na shida ya namna hiyo hiyo, yaani Chekoslovakia. Wacheki na Waslovaki walikuwa watu wachache. Wacheki walitawaliwa na dola ambayo Kijerumani kilikuwa na cheo cha juu ndani yake, na Waslovaki waliishi chini ya uzito wa Kihangari. Picha za kwanza za Kicheki zilipigwa Praha na Jan Kříženecký mwaka 1898. Filamu ndefu ya kwanza ya Kislovaki, *Jánošík*, ilitoka mwaka 1921 kwa fedha za Waslovaki waliohamia Marekani. Ilimhusu mnyang'anyi wa masimulizi ya watu, aliyewapokonya matajiri na kuwapa maskini. Studio za Barrandov zilifunguliwa mwaka 1933. Sinema ikataifishwa mwaka 1945. Na mwaka 1946 ikaanzishwa shule ya filamu ya Praha, FAMU.

Matunda ya shule hiyo yalionekana katika miaka ya 1960. Miloš Forman, Věra Chytilová na Jiří Menzel walisomea FAMU, na kadhalika Waslovaki Štefan Uher na Juraj Jakubisko. Mada yao iliyorudi mara nyingi ilikuwa mtu mdogo aliyenaswa na historia kubwa: karani, fundi, kijana wa kituo cha reli. Mwaka 1965 Ján Kadár na Elmar Klos walitoa *Obchod na korze*, filamu iliyopata tuzo ya Oscar kwa filamu ya lugha ya kigeni. Ilitengenezwa na studio ya Kicheki, lakini wahusika wake husema Kislovaki, kwa kuwa mambo yake yanatukia katika mji mdogo wa Slovakia wakati wa vita. Fundi seremala mmoja hupewa na watawala duka la vifungo la mjane mzee wa Kiyahudi. Mjane ni kiziwi. Hudhani kwamba seremala amekuja kumsaidia kazi. Msiba wote wa filamu hiyo umejengwa juu ya maneno yasiyomfikia anayeambiwa, na usingaliweza kutafsiriwa katika lugha nyingine bila kupungua.

Si kwamba dola lililotoa fedha lilikuwa na huruma siku zote. Baada ya majeshi ya Mapatano ya Warsaw kuivamia nchi hiyo mwezi Agosti 1968, filamu nyingi zilifungiwa kabatini. *Skřivánci na niti* ya Menzel, iliyokamilika mwaka 1969, haikuonyeshwa hadharani hadi mwaka 1990. Lakini shule ilibaki, na ilipowezekana kusema tena, palikuwapo watu waliojua namna ya kusema.

Na bado Wacheki hao hao, walipofika Afrika, walifanya kama walivyofanya watu wa Vugiri. Wasafiri Jiří Hanzelka na Miroslav Zikmund waliondoka Praha mwaka 1947 kwa motokaa ya Tatra, wakaivuka Afrika na kupanda Kilimanjaro. Filamu iliyotokana na safari hiyo, yenye jina lisemalo "Kutoka Moroko hadi Kilimanjaro", ilitoka mwaka 1952. Ndani yake Waafrika huonekana, na maelezo hutolewa kwa Kicheki. Taifa lililojua uchungu wa kusemewa halikuona ajabu kuwasemea wengine. Kosa hilo, basi, si la taifa moja wala la siasa moja. Ni la yeyote ashikaye kamera pasipo kumsikiliza mbele yake.

Tanzania huru ilijaribu njia ya dola. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, na Taasisi ya Audio Visual ikafuata mwaka 1974 kwa msaada wa Denmark. *Fimbo ya Mnyonge* ya mwaka 1976 ilihubiri ujamaa. Mada ilikuwa ya wananchi, lakini sauti ya mhadhiri ilikuwa bado juu. Ilikuwa katika *Arusi ya Mariamu* ya mwaka 1985, kazi ya Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, ambapo lugha ilipewa kazi ngumu zaidi. Mwanamke wa mjini ameshindwa kupona hospitalini, naye anaogopa waganga wa jadi. Hapo Kiswahili hakiagizi. Kinasita, kinaficha, kinaungama.

Kampuni ya serikali ilipofifia, video iliingia. Wafasiri wa vibandani, Lufufu akiwa mashuhuri miongoni mwao, walizisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili mbele ya watazamaji. Kwa umbo walikuwa kama santuri za Vugiri, sauti nje ya picha. Kwa maana walikuwa kinyume chake, maana safari hii msemaji alitoka upande wa watazamaji, akamfanya mgeni wa kwenye picha aseme kama mtu wa mtaani. Kuanzia *Girlfriend* ya mwaka 2003 filamu za video za Dar es Salaam zilishika soko, na Steven Kanumba, mzaliwa wa Shinyanga aliyefariki mwaka 2012, akawa nyota yake. Msomaji wa lugha ataona jambo moja: mazungumzo ya filamu hizo ni ya Kiswahili, lakini majina yake mengi, kama *Devil Kingdom*, ni ya Kiingereza. Lugha iliyoaminiwa kubeba hadithi nzima haikuaminiwa kubeba jalada.

Ndipo inapokuja Mwanza. Mwaka 2004 Mwaustria Hubert Sauper alitoa *Darwin's Nightmare*, filamu ya ukweli juu ya biashara ya sangara, samaki aliyepandikizwa katika Ziwa Viktoria katika miaka ya 1950, na juu ya ndege kubwa zilizopeleka minofu Ulaya. Lugha zisikikazo humo ni Kiingereza, Kirusi na Kiswahili. Lakini mlinzi wa usiku, ambaye maneno yake hukumbukwa na kila mtazamaji, huulizwa kwa Kiingereza na kujibu kwa Kiingereza. Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliilaani filamu hiyo hadharani. Mabishano yalikuwa juu ya mambo mawili: silaha zilizodaiwa kuletwa na ndege, na mapanki.

Mapanki ni vichwa na mifupa ya sangara ibakiayo viwandani baada ya minofu kukatwa. Wengine walisema kwamba ni chakula cha mifugo. Wengine, kwamba ni kitoweo cha maskini. Neno lenyewe lingaliweza kuwa ushahidi. Takataka haina haja ya jina lake la sokoni. Mapanki yalikuwa nalo, na penye jina la sokoni pana wauzaji, wanunuzi na bei. Filamu iliionyesha mifupa ikianikwa, ikawaachia watazamaji wa Ulaya waone kinyaa. Serikali iliona aibu, ikakanusha. Kati ya kinyaa na aibu, muuza mapanki hakupata nafasi ya kueleza kwa lugha yake anauza nini, kwa nani, na kwa nini. Huo ndio upungufu wa filamu ile, na ndio upungufu wa majibu aliyopewa Sauper.

Dawa yake haikuwa kupiga marufuku, bali filamu nyingine. Kwamba inawezekana, imeonyeshwa na *Vuta N'kuvute* ya Amil Shivji ya mwaka 2021, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi kama vile Menzel alivyochota katika maandishi ya Bohumil Hrabal. Ziwa nalo halikukosa mahali pa kuanzia. Butimba, kusini mwa mji wa Mwanza, kuna chuo cha ualimu kilichojulikana kwa kufunza walimu wa sanaa na muziki. Jirani yake, Nyegezi, waandishi wa habari wamefunzwa tangu siku za chuo cha kanisa kilichozaa Chuo Kikuu cha Mtakatifu Augustino mwaka 1998. Wacheki na Waslovaki, ambao katika miaka ya 1960 hawakuzidi milioni 15, walikuwa na shule iliyodumu. Wasemaji wa Kiswahili wanakadiriwa na UNESCO kuwa zaidi ya milioni 200. Wingi huo peke yake hautoi sauti katika picha. Sauti hutolewa na mtu aliyefunzwa kushika kamera, ambaye pia amejifunza, kabla ya kuiwasha, kuuliza mapanki ni nini na kungoja ajibiwe.