Kuzingirwa kwa Ngome ya Yesu, 1696–1698: Historia, Burudani na Ushahidi wa Lugha

Kuzingirwa kwa Ngome ya Yesu mjini Mombasa kulianza Machi 1696 na kumalizika Desemba 1698, yaani takribani miezi 33. Burudani ya leo, hususan filamu, husawiri vita vya aina hii kwa ngurumo za mizinga na merikebu zinazowaka moto. Makala haya yanadai kwamba usawiri huo huficha mambo mawili: jinsi ngome ilivyoanguka, na nafasi ya Waswahili wenyewe.

Kwanza, silaha kuu ilikuwa muda. Waomani walikusudia kuikatia ngome chakula na msaada, ilhali msaada wa Wareno kutoka Goa ulitegemea pepo za msimu. Maradhi yaliua wengi kuliko mizinga. Merikebu Santo António de Tanná, iliyoleta msaada mwaka 1697, ilizama mbele ya ngome. Mabaki yake yalichimbuliwa na wanaakiolojia kuanzia mwaka 1977.

Pili, vita hivi havikuwa vya Waarabu na Wareno pekee. Pate iliwaunga mkono Waomani, Faza ikawa na Wareno, ingawa miji hiyo miwili imo katika kisiwa kimoja. Maradhi yalipowamaliza Wareno karibu wote mwaka 1697, aliyeshika uongozi wa ulinzi alikuwa Bwana Daud wa Faza.

Msamiati unathibitisha uchangamano huo. *Bendera* na *gereza* ni maneno ya asili ya Kireno. La pili latokana na neno la kanisa, likaja kumaanisha ngome, kisha kifungo. *Mzinga*, kinyume chake, ni neno la Kibantu: gogo la nyuki lililopewa maana ya silaha ngeni. Lugha haikuchagua upande mmoja.

Fasihi ilichagua. *Chuo cha Herekali*, utenzi uliotungwa Pate mwaka 1728 na Mwengo bin Athumani, wahusu vita vya Waislamu na Warumi. Uwanja wa mbali uliruhusu mpaka dhahiri baina ya pande mbili, mpaka ambao Mombasa ya 1697 haikuwa nao. Kwa hiyo, kurahisisha vita hakukuanza na filamu. Mhakiki anayesoma tenzi za vita kama kioo cha historia ya pwani hana budi kuuliza pia ni nani ameachwa nje ya kioo hicho. Bwana Daud ni mmoja wao.