Mfadhili Wako Amesitisha

Mwaka wa 2014, nikiwa Kidato cha Pili, niliitwa kwa ofisi ya mradi. Ofisi yenyewe ilikuwa chumba kimoja nyuma ya kanisa: meza, kabati la chuma, kalenda ya mwaka uliopita. Madam alikuwa amefungua faili yangu. Juu kabisa palikuwa na picha yangu nikiwa na miaka saba, nimeshika kibao chenye namba, uso umekunjamana kama wa mtu aliyeamrishwa atabasamu.

"Mfadhili wako amesitisha," akasema.

Nikauliza kama amekufa.

"Hapana, ameacha tu. Hatuambiangwi sababu."

Karo ya muhula huo ilikuwa imeshalipwa. Baada ya hapo jina langu likaingia kwenye orodha ya watoto wanaongoja mfadhili mpya, na nikangoja hadi nikamaliza Kidato cha Nne. Mathe aliuza mbuzi wawili, mjomba akachukua mkopo wa Sacco, na nikatumwa nyumbani kuleta karo mara nyingi hadi soja wa geti akawa rafiki yangu. (Kuacha kwangu chuo baadaye ni hadithi nyingine. Hiyo siwezi kumtupia mzee wa watu.)

Nilikuwa nimemwandikia barua mara tatu kwa mwaka, miaka minane. Madam aliandika mfano ubaoni nasi tukanakili: mvua imenyesha, masomo ni mazuri, ng'ombe wetu amezaa. Kwetu hakukuwa na ng'ombe. Yeye alituma picha akiwa na mbwa kwenye theluji, na kadi ya Krismasi ambayo mathe aliibandika ukutani hadi ikapauka.

Kilichonisumbua si karo pekee. Nilikuwa nimejichorea picha kichwani: Mmarekani ameketi mezani, ameshika picha yangu, anaitazama, kisha anasema basi. Nilipoanza kusoma historia ya utoaji wa kila mwezi, picha hiyo ikaanza kufutika. Inawezekana kabisa kwamba siku hiyo hakunitazama hata kidogo. Mfumo wenyewe uliundwa ili mtu asihitaji kutazama.

Anza Uingereza, 1964, kwa aiskrimu. Ndiyo, aiskrimu. Kampuni ya Unilever iliuza aiskrimu za Wall's kupitia wauzaji wengi wadogo, na shida yake ilikuwa ile ya kila mwenye duka la jumla Gikomba: kukusanya deni. Mfanyakazi wake mmoja, Alastair Hanton, akaja na wazo. Wakati huo tayari ungeweza kuagiza benki yako ipeleke kiasi fulani mahali fulani kila mwezi. Hanton aligeuza mshale. Mdaiwa atie sahihi mara moja, kisha kampuni ivute pesa yenyewe kutoka kwa akaunti yake, kila inapodai. Muuzaji hana haja ya kukumbuka, wala kampuni haina haja ya kubisha mlango. Mpango huo ukaenea kwenye bili za stima, maji na bima. Mashirika ya hisani nayo yakauona, na ungekuwa wewe ungeuona pia: mtu anaamua mara moja, nawe unapokea kwa miaka.

Lakini pesa haijivuti bila mtu kutia ile sahihi ya kwanza, na sahihi hiyo ilipatikana kwa kitu cha zamani kuliko mpango wa Hanton. Mwaka wa 1937, Hispania ikiwa vitani, mwandishi wa habari Mwingereza aliyeitwa John Langdon-Davies alianzisha mpango wa kuwatunza watoto waliopoteza wazazi. Wazo lake lilikuwa rahisi: usiombe pesa kwa ajili ya maelfu, muunganishe mtu mmoja na mtoto mmoja, waandikiane barua. Shirika hilo leo linaitwa Plan. Mwaka wa 1952 mhubiri Mmarekani, Everett Swanson, alirudi kutoka Korea akiwa ameona mayatima wa vita, akaanza kazi iliyokuja kuitwa Compassion. Njia ikawa ile ile, mtoto mmoja kwa mfadhili mmoja.

Kisha ikafika kwetu. Mwaka wa 1972, Waingereza 88 walianza kufadhili watoto 88 wa India na Kenya. Shirika walilotoa kupitia kwake ndilo tunaloliita ActionAid. Hiyo namba huwa inanishika. Themanini na wanane ni madarasa mawili ya shule ya msingi ya siku zangu. Mtu angeweza kuwajua wote kwa majina.

Sasa weka hivyo viwili pamoja, picha ya mtoto na mkono wa benki. Ile inakufanya uanze, huu unakusaidia usiache. Sisemi ni ujanja. Mimi nimesoma miaka minane kwa huo mkono. Lakini ona kilichotokea kwa lile neno "uhusiano" walilolipenda sana kwenye barua zao. Upande wangu ulikuwa na sura, mbwa na theluji. Upande wake, mwaka wa pili au wa tatu, nilikuwa labda mstari kwenye taarifa ya benki, katikati ya bima na maji.

Malalamiko yalianza mapema. Mwaka wa 1982 jarida la New Internationalist lilitoa toleo zima lililowasihi wasomaji wasifadhili mtoto. Hoja zake zilikuwa za maana: unamchagua mtoto mmoja na kumwacha ndugu yake, unamfundisha kushukuru kwa barua, na gharama ya kusafirisha hizo barua na picha inakula pesa ambayo ingechimba kisima. Mashirika mengi yalibadilika. Pesa ikaanza kuwekwa kwenye kapu moja la kijiji, mtoto wa kwenye picha akabaki kama mwakilishi tu. Kwa mpango kama huo, mfadhili akiacha hakuna mtoto anayeitwa ofisini. Mradi wetu haukuwa hivyo. Wa kwetu ulifuata jina kwa jina.

Na bado siwezi kujiunga na wanaosema kila kitu kilikuwa bure. Mwaka wa 2013 Bruce Wydick na wenzake wawili, wanauchumi, walichapisha utafiti kuhusu watu wazima waliowahi kufadhiliwa na Compassion katika nchi 6, Kenya ikiwemo. Waliwafuatilia zaidi ya watu 10,000, wakiwalinganisha waliofadhiliwa na wale ambao hawakufadhiliwa. Waliofadhiliwa walisoma zaidi, kwa mwaka mmoja hadi karibu mwaka mmoja na nusu. Ukiisoma hiyo kama takwimu, ni kidogo. Ukiisoma kama mtu aliyewahi kukaa nyumbani muhula mzima akihesabu kuku, si kidogo.

Na huyo anayetoa, je? Yeye naye anaweza kukwama. Huko Bristol, Uingereza, kulikuwa na bibi aitwaye Olive Cooke, aliyeuza maua ya karatasi ya kuwakumbuka wanajeshi kwa miaka 76. Alikuwa mtu wa kutoa. Wakati mmoja alikuwa na malipo 27 ya namna hii ya Hanton, yote ya mashirika ya hisani. Alipofariki Mei 2015 akiwa na miaka 92, nchi ilishtuka kusikia idadi ya barua alizokuwa akipokea za kuombwa zaidi. Uchunguzi ulikuta mashirika 99 yalikuwa na anwani yake, mengine yakiwa yameipata kwa kuuziana na kupeana majina. Familia yake ilisema wazi kwamba mashirika hayakusababisha kifo chake. Hata hivyo sheria za uchangishaji zilibadilishwa, na mwaka wa 2017 ikaanzishwa huduma ambapo mtu anataja shirika nalo linalazimika kuacha kumtafuta.

Jambo la ajabu ni kwamba kuzuia ile pesa yenyewe ilikuwa rahisi muda wote. Kwa kanuni za Uingereza, unaiambia benki yako basi, na benki inakata. Huhitaji ruhusa ya shirika wala kutoa sababu. Kilichokuwa kigumu kilikuwa kukataa mbele ya mtu, na hata barua ni mtu kidogo.

Sisi huku tunaujua huo ugumu kwa njia nyingine. Kwenye harambee jina lako linasomwa kwa kipaza sauti pamoja na kiasi, na aliyekosa kutoa pia anajulikana. Kwenye chama ukiacha kutoa, mweka hazina anapiga simu, halafu shangazi anapiga simu, halafu unatoka kwenye kundi la WhatsApp usiku wa manane na asubuhi kila mtu ameona "left". Kuacha kwetu kuna mashahidi.

Au kulikuwa nao. Mwaka wa 2024 M-PESA ilianza Ratiba, na pesa sasa inatoka yenyewe tarehe uliyopanga. Mimi niliiwekea shilingi 500 kila tarehe 5, ziende kwa mfuko wa karo ambao tuliosoma pamoja tuliuanzisha kwa watoto wa kijijini. Sijaufikiria huo mfuko tangu siku hiyo. Nilijua tu kuna 500 haipo.

Mwezi wa nane nilipoteza kibarua cha kuandika nilichokitegemea. Oktoba landilodi alikuwa anagonga. Nilifungua simu, nikaingia Ratiba, nikakuta kuifuta ni kazi ya sekunde kadhaa. Nikaifunga.

Nilimpigia mweka hazina wetu. Nikamuuliza 500 yangu inamlipia mtoto gani. Akacheka, akasema zinaingia zote pamoja, wako watoto 6, hakuna wa mtu. Nilipumua, kusema kweli. Nikamwambia nitatoa hadi Disemba, kisha Januari nisimame, ili ajue mapema kabla shule zifunguliwe.

"Sawa, bro," akasema. "Niandike sababu?"

Nikamwambia aandike: kazi imeisha.