Mwalimu Avukaye Mto Mara

Leo twapenda kueleza jambo liwahusulo walimu wetu wa Tarime na Serengeti. Kabla ya mwaka 1962 wengine waliajiriwa na Serikali, wengine na Misioni, wengine na serikali za wenyeji, kila mwajiri na masharti yake. Sheria ya mwaka ule iliwatia katika Utumishi mmoja wa Walimu. Kwa hiyo mwalimu wa Mugumu avukaye mto Mara kwenda Tarime huhama kituo tu, haachi utumishi: cheo, mshahara na miaka aliyotumikia humfuata. Lakini ahamishwaye kwa amri hulipiwa safari. Aombaye mwenyewe hujilipia. Wala asifunge mizigo kabla ya kupata barua ya kibali, maana atokaye bila ruhusa huhesabiwa mtoro, na mtoro aweza kupoteza yote.