Shooting Stars: Fahari ya Ibadan iliyoonja daraja la pili

KLABU ya Shooting Stars ya jijini Ibadan, kusini magharibi mwa Nigeria, ni mfano wa jinsi sifa za kale zisivyoikinga timu na masaibu ya baadaye.

Mnamo 1976, ikiitwa IICC Shooting Stars, iliilaza Tonnerre ya Cameroon na kutwaa Kombe la Washindi barani Afrika. Hakuna klabu ya Nigeria iliyokuwa imewahi kunyakua taji la bara. Nigeria iliposhinda Kombe la Mataifa ya Afrika 1980 kwa kuicharaza Algeria 3-0, mabao yote yalifungwa na wanasoka wa klabu hiyo: Segun Odegbami mawili, Muda Lawal moja.

Afrika Mashariki nayo iliionja makali. Mwaka 1992, baada ya sare tasa jijini Kampala, Nakivubo Villa ya Uganda ilichapwa 3-0 katika marudiano ya fainali ya kwanza ya Kombe la CAF.

Hata hivyo, mwaka 2017 timu ilishushwa daraja. Kwa kuwa inamilikiwa na serikali ya jimbo la Oyo, uhai wake hutegemea hazina ya umma, na anguko lake likawa aibu ya wakazi wote, si ya wachezaji pekee.

Lakini kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Mwaka 2021 klabu ilirejea ligi kuu, na uwanja wa Lekan Salami mtaani Adamasingba ukapata tena mechi za hadhi yake.