Batili Si Feki: Maneno ya Cheti cha Jati

Neno dobi tulilipata kutoka India, na huku kwetu limetulia kabisa. Anayefua na kupiga pasi nguo za watu kwa malipo ni dobi, awe Mgogo, Mdigo au Mshihiri, na siku atakapoacha pasi akafungua duka la simu, udobi wake umekwisha. Kule lilikotoka, Dhobi ni jina la jati: mtoto wa Dhobi ni Dhobi hata akiwa rubani. Akiwa wa Uttar Pradesh, jina hilo limo katika orodha ya jati zilizoorodheshwa. Akiwa wa Maharashtra, limewekwa katika orodha nyingine, ya jamii zilizobaki nyuma, yenye haki zake tofauti.

Kamusi zetu hupenda kuiita jati "tabaka". Siafiki. Mtu hupanda tabaka na kushuka, mara nyingine ndani ya miaka kumi tu, ilhali jati haibadilishwi na mshahara wala shahada. "Kabila" nalo halifai, maana katiba ya India imetenga mambo hayo mawili, jati katika ibara ya 341 na makabila katika ibara ya 342, na kila upande una orodha yake tangu 1950. Basi tuseme jati.

Orodha hizo hufungua milango ya nafasi maalumu katika vyuo, kazi za serikali na viti vya uchaguzi. Penye nafasi maalumu huja cheti, na penye cheti huja uhakiki. Watanzania wanalijua neno hili vizuri: mwaka 2017 watumishi wa umma 9,932 walipoteza kazi baada ya uhakiki wa vyeti vya elimu. Lakini cheti cha shule kina Baraza la Mitihani la kuulizwa kama fulani alifanya mtihani. Cheti cha jati kiulizwe kwa nani?

Maharashtra imejibu kwa karatasi mbili. Ya kwanza ni jat pramanpatra, cheti cha jati, inayotolewa na ofisa wa serikali. Ya pili ni jat vaidhata pramanpatra, cheti cha uhalali wa jati, inayotolewa na kamati ya uhakiki. Sheria namba 23 ya mwaka 2001 inasema ile ya kwanza haina nguvu kamili mpaka ipate ya pili, na mzigo wa ushahidi ni wa mwombaji. Kazi yenyewe huitwa jat padtalni, na waliowahi kukaa foleni zake wanajua kwamba karatasi yenye thamani kuliko zote ni ile ya kabla ya uhuru wa 1947: daftari la shule la babu, kumbukumbu ya shamba, rejista ya kuzaliwa. Anayedai kuwa wa jamii iliyonyimwa shule anaombwa karatasi ya shule ya babu yake. Sheria haioni kinaya hapo. Mimi nakiona.

Utaratibu wa kamati ulichorwa na Mahakama ya Juu ya India mnamo Septemba 1994, katika kesi ya akina dada wawili waliodai kuwa wa kabila la Mahadeo Koli. Ofisa wa upelelezi huenda hadi kijijini, akauliza kuhusu miungu ya ukoo, mila, ndoa zinavyofungwa na wafu wanavyozikwa. Hicho ndicho ningekiita kipimo cha mnasaba, na sikuokota neno hilo ovyo: mnasaba na nasaba ni mzizi mmoja, na kipimo hiki hupima nasaba kwa kutazama mnasaba wa mila. Ila mjukuu aliyekulia mjini huenda hajui mungu wa ukoo wake. Mwaka 2023 majaji watatu wa mahakama hiyohiyo walisema kipimo hiki hakiwezi kuwa cha kukata shauri peke yake.

Kisha kuna majina yenyewe. Mwaka 1964 Mahakama ya Juu ilikubali ushahidi kwamba "Bhovi" wa kwenye orodha ya Mysore ndio hao watu walioitwa Voddar, maana bila hivyo jina lingekuwa halina mwenyewe. Mwaka 2000, katika shauri la Halba-Koshti waliodai kuwa Halba, mlango ukafungwa: orodha isomwe kama ilivyoandikwa, na jaji asiongeze wala kupunguza. Wachungaji wa Dhangar wamedai kwa miaka kwamba "Dhangad" wa kwenye orodha ya makabila ni wao, herufi moja imekosewa. Mahakama Kuu ya Bombay ikakataa Februari 2024. Wagowari walisema "Gond Gowari" ni wao. Novemba 1994 waliandamana Nagpur kulidai hilo, na watu 114 wakafa katika mkanyagano. Mwaka 2018 Mahakama Kuu iliwapa haki. Desemba 2020 Mahakama ya Juu ikaitengua hukumu hiyo: Gowari si Gond Gowari.

Hapa ndipo vyombo vyetu vya habari vinapoteleza, maana kesi hizi zikitajwa huwa "vyeti feki". Feki ni hila. Watoto wengi wa Halba-Koshti walipewa vyeti na maofisa wa serikali wenyewe, kwa nia njema pande zote, na bado havikusimama: hivyo ni batili. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu ilisema aliyepata kazi au shahada kwa cheti kilichobatilishwa huipoteza, hata kama hakukusudia kudanganya. Wadanganyifu wapo, tena si wachache. Lakini hata mahakama zinaweza kutofautiana. Navneet Rana, wakati huo mbunge wa Amravati, alifutiwa cheti chake cha jati ya Mochi na Mahakama Kuu ya Bombay mwaka 2021, ikasema kilipatikana kwa hila, na kumpiga faini ya rupia laki mbili. Aprili 2024 Mahakama ya Juu ikamrudishia.

Kwa hiyo, mhariri mwenzangu, cheti kikikataliwa andika "kimebatilishwa". "Feki" lisubiri mpaka hila ithibitike, na rufaa ziishe.