MF DOOM: Aliyevuma Akiwa Amefunika Uso

Desemba 31, 2020, wakati dunia nzima imevaa barakoa kwa hofu ya korona, familia ya Daniel Dumile ilitangaza kwa maneno machache kwamba rapa huyo, aliyevaa barakoa kwa hiari yake miaka zaidi ya 20, amefariki. Mashabiki walipoangalia tarehe wakashtuka. Alikuwa amefariki Oktoba 31. Kwa miezi miwili watu waliendelea kubishana kuhusu albamu yake ijayo, na kumbe mwenyewe hayupo tena. Na Oktoba 31 ndiyo siku Wamarekani wanayovaa vinyago na kutishana mitaani. Mtunzi wa riwaya akimaliza kitabu chake hivyo, mhariri atamrudishia na kumwambia amezidisha chumvi.

Miaka mitano imetimia tangu tangazo lile. Barakoa ya chuma ninaiona kwenye fulana za mitumba na kwenye picha za vijana wanaojiita maprodyuza. Ukiwauliza ni ya nani, wanajibu haraka: MF DOOM, tena kwa herufi kubwa, kama mwenyewe alivyotaka liandikwe. Jina la Dumile wanalo wachache, na hilo ndilo linalotugusa zaidi sisi wasemaji wa lugha za Kibantu.

Baba yake alikuwa Mzimbabwe, mama yake mtu wa Trinidad. Kwa Kindebele, kama ilivyo kwa Kizulu, kuduma ni kunguruma kama radi, na pia ni kujulikana kila pembe. Anayeambiwa "udumile" ni mtu mashuhuri. Kiswahili nacho kina neno la namna hiyo: upepo huvuma, na jina la mtu huvuma. Kwa hiyo huyu aliyehangaika maisha yake yote kuficha uso alizaliwa na ukoo unaoitwa Mashuhuri. Wahenga wametuonya kwamba ngoma ivumayo haidumu. Ya Dumile ilipasuka mapema kweli, ila mwenyewe akaiwamba upya kwa ngozi nyingine.

Alizaliwa London mwaka 1971, mama akiwa amekwenda kusalimia ndugu, akakulia Long Island, New York. Ujanani alijiita Zev Love X, akawa na kundi la KMD pamoja na mdogo wake Dingilizwe, maarufu kama DJ Subroc. Mwaka 1989 akasikika katika "The Gas Face" ya 3rd Bass, lebo ya Elektra ikawasajili, na 1991 ikatoka albamu ya Mr. Hood. Hayo yameandikwa sana. Aprili 1993, albamu ya pili ikiwa karibu kukamilika, Subroc aligongwa na gari akivuka barabara kuu. Alikuwa na miaka 19.

Kaka mtu aliimalizia kazi peke yake, akaiita Black Bastards, na jalada akalichora kwa mkono wake: Sambo, kile kikatuni ambacho Wazungu wa Marekani walikitumia miaka na miaka kumdhihaki mtu mweusi, ananing'inia kitanzini, kama katika ule mchezo wa watoto wa kubahatisha herufi. Mwenye macho aliona kinachonyongwa pale: dharau yenyewe. Lakini mwandishi mmoja wa safu katika jarida la Billboard aliona kitanzi na mtu mweusi, akapiga kelele kabla albamu haijafika madukani. Elektra ilikuwa mali ya Time Warner, kampuni ambayo miaka miwili nyuma ilikuwa imesakamwa na polisi na wanasiasa kwa sababu ya "Cop Killer" ya Ice-T na bendi yake. Mabosi hawakutaka kusakamwa tena. Mwaka 1994 albamu ikazuiwa, na KMD ikatupwa nje.

Hasira yangu kuhusu jambo hili haijapoa. Kijana amemzika mdogo wake mwaka jana tu, anachora picha ya kumzika Sambo, na ofisi nzima ya watu wenye shahada inashindwa kuisoma. Dumile alitoweka. Baadaye alisimulia kwamba alizurura Manhattan bila makazi ya kueleweka, akilala kwenye mabenchi.

Aliporudi jukwaani, mwaka 1997 au 1998, katika ukumbi wa washairi wa Nuyorican Poets Café, alikuwa amevaa soksi ndefu ya kike usoni. Halafu ikaja barakoa, iliyotokana na Doctor Doom, adui wa Fantastic Four katika vitabu vya katuni vya Marvel. Ile tunayoijua zaidi ilitengenezwa kutokana na mfano wa kofia ya vita ya filamu ya Gladiator. Kwa nini alijifunika? Ta-Nehisi Coates alimuuliza kwa niaba ya The New Yorker mwaka 2009. Jibu lake, kwa ufupi, lilikuwa kwamba mtu akipanda jukwaani wasichana wanapima uzuri wake na wanaume wanapima misuli yake, na hayo yote yametangulia mstari wa kwanza. Ikiwa lazima watu wahukumu kwa macho, basi yeye ndiye atakayewachagulia cha kutazama. Aliyarudia mawazo hayo Madrid mwaka 2011, mbele ya wanafunzi wa Red Bull Music Academy. Makala haya yameegemea sana mazungumzo hayo mawili, na nakiri kwamba Dumile alikuwa fundi wa kujisimulia.

Albamu yake ya kwanza chini ya jina jipya, Operation: Doomsday, ilitoka 1999 kwa Fondle 'Em, lebo ndogo ya mtangazaji wa redio Bobbito García. Zilikuwa zama za suti za kumeremeta na video za mamilioni ya dola. Yeye alichukua kipande cha Sade, kipande cha Quincy Jones na sauti za katuni za zamani, akaviunga bila kuvipiga pasi. Mikwaruzo ya santuri ilibaki. Mahali kipande kinapoungwa panasikika, kama kanzu iliyoshonwa kwa mkono na uzi ukaachwa uonekane. Na juu ya biti hizo alichana kwa sauti nzito ya mtu aliyeamka sasa hivi. Msikilizaji aliyelelewa na mashairi ya Kiswahili ana faida hapa. Sisi tumezoea kusubiri kina cha kati na kina cha mwisho. Dumile alipanga vina vya kati vitatu, vinne, wakati mwingine mstari mzima, na maana ya sentensi ikaruka ukuta wa mstari na kuangukia unaofuata.

Kuna watu wanaomjua kwa mdomo tu, nao hukosa nusu ya kazi. Kuanzia 2001 alitoa mfululizo wa Special Herbs, biti tupu zisizo na neno, kwa jina la Metal Fingers. Karibu kila biti aliipa jina la kiungo, mzizi au ua. Ukisoma orodha unajiona umesimama mbele ya duka la dawa za asili na viungo: zafarani, uwatu, giligilani, kafuri, asumini. Biti hizo hakuzionea uchoyo: alichana juu yake, akawapa wengine, na Ghostface Killah wa Wu-Tang alichukua kadhaa kwa albamu yake ya Fishscale mwaka 2006.

Wingi wa majina ulikuwa pia hesabu ya biashara. Baada ya Elektra hakutaka tena kuwa mtumwa wa lebo moja. Mwaka 2003 peke yake alitoa albamu kama King Geedorah kwa Big Dada ya Uingereza, na nyingine kama Viktor Vaughn kwa Sound-Ink ya New York. Kila mhusika alikuwa na mkataba wake. Mwaka uliofuata ikaja Madvillainy, aliyoifanya na Madlib kwa lebo ya Stones Throw. Ndiyo inayotajwa kila mahali. Madlib alitengeneza sehemu ya biti zake hotelini São Paulo, kwa mashine ndogo ya sampuli na kicheza santuri cha kubeba mkononi. Kanda ya majaribio ikavuja zaidi ya mwaka kabla ya wakati, wawili hao wakasusa, na waliporudi Dumile akaingiza sauti upya, nzito na tulivu kuliko awali. Nyimbo ni 22, nyingi fupi, karibu zote bila kiitikio. Kabla mwaka haujaisha akatoa MM..FOOD, jina ambalo ni herufi za MF DOOM zilizochanganywa, na nyimbo zake zina majina ya vyakula.

Kisha kikaja kisa cha 2007, ambacho mashabiki hawajakubaliana hadi leo.

Agosti ya mwaka huo, katika tamasha la Rock the Bells mjini San Francisco, alipanda jukwaani mtu mwenye barakoa. Waliokuwa mbele wakaanza kutazamana. Huyu mbona mwembamba? Tumbo liko wapi? Sauti ilitoka kwenye spika kama ilivyo kwenye diski, pumzi kwa pumzi, na mkono wenye maikrofoni ulikuwa ukichelewa. Wasomaji wa hapa wanaijua hali hiyo, maana playback tumeilipia viingilio vya kutosha. Tofauti ni kwamba msanii wetu anayefanya playback angalau huja mwenyewe. Umati ukazomea. Haikuwa mara moja. Maonyesho mengine nayo yakapata DOOM wa aina hiyo, na mashabiki wakawabatiza jina, Doombots, kwa sababu Doctor Doom wa katuni naye ana roboti zinazofanana naye, anazozituma vitani yeye akiwa nyumbani.

Wengi walitarajia ataomba radhi, au atasema aliugua. Coates alipomuuliza, hakufanya lolote kati ya hayo. Alisema yeye ni mwandishi na mwelekezaji, na mhusika ni mhusika. Anayemcheza leo si lazima amcheze kesho. Akaongeza kwamba safari nyingine huenda atatuma Mzungu. Halafu akamalizia kwa hesabu: tangu kelele hizo zianze, wanaomtaka jukwaani wameongezeka na bei yake imepanda, kwa hiyo mahali fulani jambo limefanikiwa.

Jibu hilo linanichekesha na kuniudhi kwa pamoja. Linaniudhi kwa ajili ya yule kijana aliyelipa tiketi kwa mshahara wa wiki, akasimama saa tano juani. Huyo hakununua nadharia. Lakini nikilipinga, najikuta nimeshika kamba isiyofika. Dumile alisema tangu mwanzo kwamba sura haina maana, sikilizeni. Tukampigia makofi, tukasema hiyo ndiyo sanaa. Halafu siku aliyoichukua kauli hiyo hadi mwisho wake, tukagundua kuwa tulikwenda kumtazama, na cha kutazama kilikuwa tumbo. Msanii mwingine wa zama zake aliyewaweka mashabiki wake mahali pabaya kiasi hicho simjui. Wala sidhani kuwa alifanya haki.

Mzaha ule uliishi kuliko ugomvi. Novemba 2019, katika tamasha la Adult Swim mjini Los Angeles, Flying Lotus alimkaribisha DOOM jukwaani. Akatoka mtu mwenye barakoa, akachana kidogo, umati ukapagawa. Alipoivua, alikuwa Hannibal Buress, mchekeshaji. Safari hii watu walicheka.

Baada ya kisa kile cha 2007 historia yake inakuwa nyembamba. Mwaka 2010, baada ya ziara ya Ulaya, Marekani ilimkatalia kurudi. Alikuwa ameishi huko tangu utotoni lakini hakuwahi kupewa uraia, na pasipoti yake ilikuwa ya Uingereza, kwa ajili ya ile ziara ya mama yake ya 1971. Akabaki Uingereza. Zikafuata albamu za kushirikiana, ikiwemo Key to the Kuffs ya 2012 na Jneiro Jarel, na ile ya 2018 na kundi la Czarface. Alifia Leeds, akiwa na miaka 49. Mwaka 2023 kesi ya madaftari yake 31 ya mistari ilifikishwa mahakamani California, mjane wake akidai yarudishwe.

Julai 2021, mji wa Long Beach, kule Long Island alikokulia, uliipa sehemu ya mtaa mmoja jina la heshima. Mji ulikuwa umechukua muda mrefu kumkumbuka mwanawe, lakini ulikumbuka. Kibao kimeandikwa KMD-MF DOOM Way. Jina la Dumile halimo.