Tafsiri ya Mfalme James

Biblia ya Kiingereza iliyochapwa London mwaka 1611 ina majina mawili. Wamarekani huiita kwa jina la Mfalme James. Waingereza wamezoea kuiita ile iliyoidhinishwa. Mwandishi wa Kiswahili hana budi kuchagua, nami nachagua la mfalme.

Ukisema "iliyoidhinishwa", msomaji ana haki ya kuuliza: na nani, kwa amri ipi? Amri hiyo haijapata kuonekana. Daftari za Baraza la Mfalme za miaka ile ziliteketea katika moto wa Whitehall mwaka 1619, hivyo yawezekana iliandikwa ikaungua, lakini istilahi haifai kusimama juu ya dhana. Ukurasa wa jina unasema tu kwamba kitabu kimewekwa kisomwe makanisani. Aliyekuwa na amri ya wazi nyuma yake ni mtangulizi wake, Biblia Kuu ya 1539: mwaka mmoja kabla, kila kanisa la parokia lilikuwa limeagizwa kuweka Biblia kubwa ya Kiingereza.

Mfalme, kwa upande wake, anajulikana alivyohusika. Januari 1604, katika mkutano wa Hampton Court, John Rainolds, msomi wa Wapuritani, aliomba tafsiri mpya. James akaikubali haraka, maana aliyachukia maelezo ya pembeni ya Biblia ya Geneva, hasa pale yalipohalalisha kitendo cha wakunga wa Kiebrania cha kumwasi Farao. Kazi ikagawiwa makundi sita ya wataalamu huko Westminster, Oxford na Cambridge. Yeye mwenyewe hakutafsiri. Ila "ya" ya Kiswahili haimtaki awe mfasiri: tukisema msikiti wa Sultani twamjua aliyeagiza ujengwe, si fundi aliyepandisha kuta.

Kinachonisikitisha katika jina hili ni kwamba linamficha mfasiri wa awali, William Tyndale. Alinyongwa na mwili wake ukachomwa moto mwaka 1536, na bado sehemu kubwa ya maneno ya Agano Jipya la 1611 ni yake. Kila makala inayoitaja tafsiri hii ingemtaja na yeye.

Wapo wanaoandika "Mfalme Yakobo", na asili ya majina hayo ni moja kweli. Ndiyo maana Kiswahili kina Waraka wa Yakobo pale Kiingereza kinapoandika James. Lakini kwetu Yakobo ni kwanza baba wa makabila 12, naye hakuwa mfalme. James abaki James.

Limebaki neno "toleo", ambalo wengi huliweka mahali pa "tafsiri". Tulitunze kwa kazi yake. Maandishi ya 1611 yalisahihishwa mara kadhaa, na wengi leo husoma yale aliyoyapanga upya Benjamin Blayney wa Oxford, tahajia na alama zikiwa zimenyooshwa. Hilo ndilo toleo: toleo la 1769 la Tafsiri ya Mfalme James.